Faraji Katalambulla na Upelelezi wa Picha

Historia ya hadithi za upelelezi za Kiswahili huanzia, kwa kawaida, kwa Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar, ambaye Mzimu wa Watu wa Kale ilishinda shindano la uandishi la mwaka 1957/58 na kuchapishwa mwaka 1960. Kutoka hapo wahakiki wengi huruka hadi kwa Elvis Musiba na Kufa na Kupona (1974). Faraji Katalambulla, aliye katikati yao, hutajwa kwa ufupi tu. Makala haya yanakusudia kuonyesha hasara ya mruko huo.

Riwaya ya Katalambulla, Simu ya Kifo, ilitoka mwaka 1965. Bwana Msa wa Abdulla ni mpelelezi wa hiari, mtu wa kiko na mazungumzo, ambaye nasaba yake na Sherlock Holmes haifichiki. Inspekta Wingo wa Katalambulla, kinyume chake, ni polisi. Upelelezi, uliokuwa kipaji cha mtu binafsi, sasa umekuwa kazi ya dola.

Lakini mchango wake haukukoma kwenye riwaya. Miaka ya 1960 magazeti ya hadithi za picha ya kampuni ya Drum, yenye shujaa Lance Spearman, yalisomwa sana Afrika Mashariki. Katalambulla aliijibu changamoto hiyo kwa gazeti lake, Film Tanzania, lililosimulia hadithi kwa picha za waigizaji na maneno machache.

Yafaa tuzingatie ugumu wa kazi hiyo. Katika riwaya, msimulizi aweza kuficha jambo kwa kutolitaja. Katika picha, kilichopo huonekana. Hivyo ushahidi hauna budi kuwekwa mbele ya macho ya msomaji bila kumshtua. Aidha, mazungumzo lazima yatoshe katika nafasi finyu na bado yamtofautishe mhusika mmoja na mwingine. Hizo ndizo kanuni za mswada wa filamu, nazo zilitumika katika Kiswahili wakati Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ingali changa.

Tatizo ni kwamba kitabu huhifadhiwa maktabani, ilhali gazeti la picha hupita mikononi hadi likachakaa. Tukiendelea kuiita kazi hiyo fasihi pendwa isiyostahili kukusanywa, tutakuja kuandika historia ya filamu ya Kiswahili huku ukurasa wake wa kwanza umekwisha kufungiwa maandazi.