Maadili na Heshima katika Filamu ya Tagebuch einer Verlorenen

Dhana za maadili na heshima aghalabu hutajwa pamoja, ilhali hazina maana moja. Maadili hujidhihirisha katika matendo ya mtu. Heshima hutolewa na jamii, nayo jamii inaweza kuipokonya. Pengo baina ya dhana hizi ndilo msingi wa Tagebuch einer Verlorenen, yaani Shajara ya Binti Aliyepotea, filamu bubu ya Kijerumani iliyoongozwa na G. W. Pabst mwaka 1929 kutokana na riwaya ya Margarete Böhme ya mwaka 1905.

Thymian, binti wa mfamasia anayeigizwa na Louise Brooks, anapata mtoto kwa Meinert, msaidizi wa baba yake. Anapokataa kumtaja mhusika, jamaa zake wanaisoma shajara yake na kumtaka aolewe naye. Anakataa kuolewa na asiyempenda. Hivyo mtoto anakabidhiwa mkunga, naye anapelekwa katika nyumba ya adilisho. Jamaa hawaulizi nani amekosa, bali aibu itasitiriwa vipi. Meinert haadhibiwi, baadaye analimiliki duka lenyewe la dawa.

Kwa kuwa filamu haina sauti, hukumu ya jamii huonekana katika macho, mavazi na mienendo ya mwili. Katika nyumba ya adilisho, wasichana hunywa supu kwa kufuata mapigo ya msimamizi. Nidhamu hiyo ni ya viungo, si ya dhamiri. Kinyume chake, ni danguroni, mahali panapolaaniwa na jamii, ambako Thymian anapokewa kwa upole.

Baba yake anapofariki, Thymian anapata fedha za urithi. Anawapa wadogo zake wa baba mmoja, ambao Meinert amewafukuza pamoja na mama yao, wasije wakaangukia hali iliyompata yeye. Tendo hilo adilifu analitenda angali akihesabiwa mpotovu. Hatimaye, akiwa chini ya hifadhi ya kabaila mzee Osdorff, anaingizwa miongoni mwa wahisani wa nyumba ileile iliyomfungia. Rafiki yake Erika anapoletwa mbele yao kuhukumiwa, Thymian anamtetea na kuondoka naye.

Kwa kufanya hivyo anaihatarisha heshima aliyokwisha kuipata. Filamu inabainisha kuwa jamii inayolinda sifa kuliko utu humwadhibu aliyefichuliwa, ikamwacha mkosaji akiheshimiwa.