Nakivale: Bidhaa zavuka mpaka, masomo yakwama

ISINGIRO, Uganda – Kwa mfanyabiashara anayepakia ndizi Isingiro kupeleka Mbarara, kijana anayebeba mikungu ni kibarua tu. Huenda muhula uliopita alikuwa mwanafunzi.

Makazi ya Nakivale yalifunguliwa mwaka 1958 kwa wakimbizi wa Rwanda. Leo wamo pia Wakongo, Warundi na Wasomali, na watoto wao husoma pamoja na wenyeji. Uganda ilifuta ada ya shule za msingi mwaka 1997, hivyo kuandikishwa si kazi ngumu. Kazi ni kubaki.

Mtoto aliyesomeshwa kwa Kifaransa Bukavu hukuta masomo ya Kiingereza. Hesabu anaijua, swali halielewi. Hushushwa madarasa mawili au matatu, akakaa na watoto wa rika la wadogo zake. Darasa limefurika, mwalimu hamfikii. Nyumbani nako sare na madaftari vinadai fedha, na tangu mgao wa chakula wa WFP ulipopunguzwa mwaka 2023, ujira wa siku moja una uzito kuliko cheti cha miaka saba.

Kongo ilijiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022. Gunia la maharage likivuka mpaka hubaki na kilo zake. Mtoto akivuka, hupoteza madarasa.

Hasara hiyo inawagusa wafanyabiashara. Kijana mwenye Kiswahili, Kifaransa na Kiingereza ndiye karani wanayemtafuta. Wakimpa mzigo saa za masomo, watamkosa.