Kanisa la Methodisti lililojengwa ili lichomwe

Kila Noeli vijana wetu hapa Kindu hugeuza mianzi, matawi ya michikichi na mashuka makuukuu kuwa zizi la Betlehemu. Watu wanapiga makofi. Kisha kijana aliyelibuni anaulizwa: na wewe utatafuta kazi lini?

Wapendwa, kazi hiyo ipo, na ilikwisha kufika karibu na kwetu. Mwaka 1951 John Huston alikuja Kongo kupiga sinema ya The African Queen. Kambi yao ilikuwa Biondo, kwenye mto Ruiki, upande wa Ubundu, iliyoitwa Ponthierville wakati ule. Ndipo boti zetu za Kindu zinapokomea na reli ya Kisangani inapoanzia. Aliyebuni mandhari ni Wilfred Shingleton, Mwingereza aliyekuwa amepata tuzo ya Oscar pamoja na John Bryan kwa sinema ya Great Expectations.

Mandhari ni kila kitu kinachoonekana nyuma na kando ya mchezaji: ukuta, paa, kiti, hata masizi ya jikoni. Mbunifu husoma hadithi yote, huchora, hutengeneza mfano mdogo, huhesabu gharama, ndipo anaongoza maseremala na wapaka rangi.

Hadithi ile inaanza mwaka 1914 katika kanisa la Wamethodisti, kijiji cha kubuniwa kiitwacho Kungdu (jina lenyewe linakaribia letu!). Kijiji kilijengwa Butiaba, Uganda, kando ya Ziwa Albert, na wajenzi walijua kitachomwa moto, kwa kuwa katika hadithi askari wa Kijerumani wanakiteketeza. Tena, Robert Morley aliyecheza mchungaji hakufika Afrika hata siku moja. Alipigwa picha Uingereza. Basi waumini wako Uganda, mchungaji yuko ng'ambo, na mtazamaji anaona ibada moja. Nguzo ya huku na ya kule zikitofautiana, kila mtu atagundua. Kulinganisha namna hiyo ndiyo kazi ngumu ya mbunifu, kuliko kupamba.

Hata mashua ilikuwa na mfano wake uliowekwa juu ya chelezo, ili kamera na taa zipate nafasi.

Jina la Shingleton limeandikwa mwanzoni mwa sinema. Ya wale waliokata miti na kuezeka nyasi hayamo. Mimi jambo hilo linanichoma kuliko ule moto.

Yeye aliendelea hadi kwenye televisheni: mwaka 1978 alibuni mandhari ya Holocaust, juu ya mauaji ya Wayahudi, ambapo ukuta usio wa kweli ungekuwa dharau kwa waliokufa.

Kijana wetu wa zizi anajua kuchora. Vipimo hajui bado; hukata mianzi kwa kukadiria kwa macho. Mzee mmoja seremala wa parokia amekubali kumfundisha kila Jumamosi, bila malipo, mradi aje na penseli yake.