VITI MAALUMU: KITI NI CHA MAMA, NENO NI LA NANI?

Wadau, hapa Lupaso ubishi wa viti maalumu hauishi vijiweni. Wapo wanaosema akina mama wanapewa ubunge wa bure. Ngoja niwaeleze inavyokwenda, maana wengi tunabishana tu.

Mwaka 1985 viti hivi vilikuwa 15. Mzee wetu wa hapa hapa kijijini, Benjamin Mkapa, akiwa Ikulu, Katiba ikabadilishwa: mwaka 2000 kiwango kikawa asilimia 20, mwaka 2005 kikapanda hadi 30. Baada ya uchaguzi wa 2015 vilifika 113.

Sasa, mimi na wewe hatumpigii kura mbunge huyo. Zinahesabiwa kura zetu za ubunge nchi nzima. Chama kikipata angalau asilimia 5 kinagawiwa viti kulingana na kura zake, na majina yanatoka kwenye orodha ya chama chenyewe. Mbunge huyo hana jimbo. Hata uwaziri mkuu hawezi kupewa, kwani Katiba inataka mbunge aliyechaguliwa jimboni.

Sisi Wamakua, Wayao na Wamakonde tunalijua hili. Ukoo unahesabiwa kwa mama, lakini kikao kikikaa anayesikilizwa ni mjomba. Ndiyo viti maalumu hivyo: kiti cha mama, neno la chama.

Kwani havina faida? Vinayo! Samia Suluhu Hassan aliingia Baraza la Wawakilishi Zanzibar mwaka 2000 kwa viti maalumu. Mwaka 2010 akashinda jimbo la Makunduchi, 2015 akawa Makamu wa Rais, 2021 Rais. Kwake kiti kilikuwa ngazi. Ubaya ni pale mwanamke anapotaka fomu ya jimbo halafu anaambiwa, "Subirini viti vyenu."

Wenzetu Senegal mwaka 2010 walipitisha sheria kwamba orodha za wagombea zipangwe mwanamume, mwanamke, mwanamume, mwanamke. Uchaguzi wa 2012 wakapata wabunge wanawake 64 kati ya 150, kwenye orodha zile zile za wanaume.

Sisi tuanzie chini. Uenyekiti wa kijiji hauna viti maalumu, na kura tunapiga wenyewe. Dada unayesoma hapa, chukua fomu. Na wewe kaka, akichukua usimwambie asubiri.

Mnasemaje wadau?