Je, Wajua? Kuru, ugonjwa uliotoka matangani
Wafore wa nyanda za juu za Papua Guinea Mpya waliokula maiti hawakusukumwa na njaa wala chuki. Walikuwa wafiwa. Kwao, afadhali marehemu aliwe na ndugu zake kuliko kuachiwa funza, na wageni waliowaita washenzi hawakuelewa kwamba hayo yalikuwa mazishi. Kina mama ndio walioandaa mwili. Wao na watoto ndio waliokula ubongo.

Humo ndimo kuru ilimojificha. Mgonjwa aliyumba akitembea, akatetemeka mwili mzima, mwishowe akashindwa hata kumeza. Wengi walifariki ndani ya mwaka mmoja hivi, wanawake wakiwazidi wanaume kwa mbali.

Kisababishi ni prioni, protini iliyojikunja vibaya, isiyoangamizwa na moto wa kupikia. Carleton Gajdusek, aliyethibitisha kwa sokwe kwamba kuru huambukiza, alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1976. Utawala wa Australia uliipiga marufuku desturi hiyo miaka ya 1950. Waliozaliwa baada ya kukoma kwake hawakuugua, lakini kwa baadhi ya wazee prioni ilikaa kimya mwilini zaidi ya miaka 50 kabla ya kuwaua.