Utangulizi: Mama Kayai na Wanawake wa Vichekesho

Karibu katika uwanja ambao wasomi wetu wamechelewa kuuingia: uchambuzi wa kazi ya mwigizaji wa kike wa vichekesho. Tutaanza na Mary Khavere, ambaye Wakenya wengi wanamjua kwa jina la Mama Kayai, mke wa Ojwang' katika kipindi cha televisheni Vitimbi.

Kipindi hicho kilikuwa cha Sauti ya Kenya, baadaye KBC, na eneo la Nyanza Kusini, ambalo leo ni kaunti za Homa Bay na Migori, kwa muda mrefu halikuwa na stesheni nyingine ya kutazama. Vijijini televisheni ya Greatwall iliendeshwa kwa betri ya gari. Betri ilipelekwa sokoni kuchajiwa, na jioni kijana mmoja alisimama nje akizungusha erio huku wenzake wakimpigia kelele kutoka sebuleni mpaka picha itulie. Majirani nao walikuwa wameshajaa ndani.

Hao ndio watazamaji ninaotaka tuwasikilize. Ojwang' alizungumza Kiswahili cha Mjaluo, shida ikawa sida, shamba likawa samba, ilhali aliyemwigiza, marehemu Benson Wanjau aliyefariki 2015, alikuwa Mkikuyu. Watu wa Mbita na Rongo, huko Nyanza Kusini, walisikia lafudhi yao ikichekesha nchi nzima kinywani mwa mtu wa kwingine. Je, walicheka, au walichekwa? Mwanafunzi anayekimbilia jibu moja kati ya hayo atapoteza utamu wote wa somo.

Mimi naona Mama Kayai ndiye anayetusaidia hapa. Mume ndiye mwenye vituko. Mke anamhoji, anamkaripia, anamwacha ajikaange kwa maneno yake mwenyewe. Kituko bila mtu wa kukishangaa ni kelele tu. Kwa kuwa mkewe anamchukulia kama mume hasa, mwenye makosa na mwenye kupendwa, Ojwang' anaacha kuwa lafudhi inayotembea, anakuwa mtu. Hiyo ni kazi ngumu kuliko kuchekesha, na sifa zake huwa chache.

Baadaye, katika kipindi cha Papa Shirandula cha runinga ya Citizen, Jacquey Nyaminde akawa Wilbroda, mke anayefichwa kwamba mumewe ni bawabu. Jacky Vike naye, akiwa Awinja, akavichukua vituko vyenyewe.

Kwa kulinganisha, Ugiriki walikuwa na mwigizaji wa vichekesho Georgia Vasileiadou, aliyevuma katika sinema miaka ya 1950 akiwa ameshavuka umri wa miaka 50. Filamu zake zipo, mtafiti anaweza kuzirudia atakavyo. Kwetu, sehemu kubwa ya ushahidi imo vichwani mwa waliotazama, na wengi wao sasa ni wazee. Kwa hiyo, mwanafunzi wa Migori au Homa Bay, kabla hujafungua kitabu cha nadharia, nenda kwa mama na baba wa boma lako, waulize walicheka wapi na kwa nini, uwarekodi.