Kioo Kisichosomeka

Muuguzi anapiga simu: “Mama, tunaomba urudi, tuchukue kipimo upya.” Moyo unapiga paa. Anayesikia hivyo hudhani saratani ya mlango wa kizazi imeshagunduliwa, kumbe mara nyingi maabara inasema tu kwamba sampuli haikusomeka.

Kipimo cha Pap, ambacho George Papanicolaou na Herbert Traut walikitangaza kwa madaktari mwaka 1941, kinategemea macho. Mtaalamu huinamia hadubini akitafuta seli za mlango wa kizazi zilizoanza kubadilika. Asipoziona, huenda hazipo. Au huenda kijiti cha kuchukulia sampuli hakikuzifikia.

Ndiyo maana kabla ya kutoa jibu hukagua sampuli yenyewe. Kwa vigezo vya Bethesda, mfumo wa kuripoti majibu ya kipimo hiki, kioo kilichopakwa seli kwa mkono kinahitaji seli bapa zipatazo 8,000, na sampuli iliyohifadhiwa kwenye kimiminika 5,000. Damu au usaha ukifunika zaidi ya robo tatu ya seli, kioo hakifai. Lakini zikionekana hata seli chache zenye kasoro, hesabu hiyo haina kazi tena: mgonjwa lazima afuatiliwe.

Uharibifu huanzia chumba cha uchunguzi. Kijiti kisipozungushwa pale seli za nje zinapokutana na za ndani ya mfereji wa mlango wa kizazi, kimekosa mahali ambapo saratani nyingi huanzia. Kioo kikicheleweshwa kutiwa spiriti, seli hukauka, huvimba na kupotosha msomaji.

Kuna pia kipimo cha HPV, kirusi kinachosababisha sehemu kubwa ya saratani hii; chenyewe hakisomi sura ya seli. Hutafuta vinasaba vya kirusi, ndiyo maana mwanamke anaweza kujichukulia sampuli mwenyewe. Hata hivyo, kijiti kisichobeba seli hakina la kusema. Mashine nyingi hutafuta pia jeni ya binadamu, kana kwamba zinabisha hodi kwanza: kuna mtu humu? Pasipo na jibu, hazisemi “huna kirusi”. Zinasema kipimo ni batili.

Kwa kipimo cha Pap, usiende ukiwa hedhini, na kwa siku mbili kabla yake usijisafishe ndani ya uke, usipake dawa humo wala kujamiiana. Ukiitwa tena, rudi. Anayekuita hajakwambia kwamba u mgonjwa, wala hajakwambia kwamba u mzima.